Mstari wa Kumi na Saba: Miaka Thelathini na Sita ya Dada Chien Yueh-o Dirishani

Alhamisi, tarehe 16 Januari 2025. Asubuhi upepo wa kaskazini-mashariki, nyuzi kumi na mbili, mvua hakuna. Bendera ya lango kuu ilikuwa imejiviringisha mlingotini mara mbili kabla ya saa mbili. Angeandika mwenyewe, Dada Chien Yueh-o angeanza na upepo. Kwa hiyo nasi tumeanza nao. Leo anastaafu kwa mujibu wa sheria, akiwa na umri wa miaka sitini na mitano, baada ya kukihudumia chuo chetu kwa miaka thelathini na sita, miezi mitano na siku kumi na tano, yote katika chumba kimoja, nyuma ya dirisha moja: dirisha la Chumba cha Barua.

Aliajiriwa tarehe 1 Agosti 1988 kwa muda wa miezi mitatu, kumshikia nafasi mtu aliyekwenda kujifungua. Yule mtu hakurudi, na hakuna aliyekumbuka kumwambia Dada Yueh-o kwamba miezi mitatu imekwisha. Kabla ya hapo alikuwa akifungasha bilauri katika kiwanda cha vioo mjini Hsinchu. Kazi ile ilimwachia mikono ambayo hatukuona mfano wake: akiinua boksi na kulitikisa kidogo karibu na sikio, hukwambia kama ndani kuna kilichovunjika, kimevunjika vipande vingapi, na kama mwenyewe atalia au atacheka akikiona.

Kanuni za chuo zinataka daftari la kupokelea liwe na safu nne: tarehe, mtumaji, mpokeaji na sahihi. Mwezi wake wa kwanza, Dada Yueh-o alichukua rula akachora safu ya tano, ya saa na dakika, na ya sita, nyembamba kama utepe, aliyoiita "mengineyo". Humo aliandika chochote kilichomshangaza. Kizito upande mmoja. Kinanukia dawa ya mbu. Kinatema maji (hao walikuwa chaza hai, baba mmoja wa Lukang aliwatuma kwa mwanawe aliyekuwa na homa). Mwaka 1991 mkuu wa wakati ule alimwita akamkaripia kwa kupoteza wino. Dada Yueh-o akamwuliza kwa adabu ni kanuni ipi inayokataza. Mkuu aliahidi kumtafutia. Alistaafu mwaka 2003 akiwa bado hajaipata.

Sisi wa dawati la pili la chumba hicho tulinufaika na udadisi huo kwa namna yetu. Kila Ijumaa kifurushi kimoja kilichaguliwa, tukaandika makisio ya kilichomo, na mwanafunzi alipokuja kukichukua tulimwomba atwambie. Aliyekosea alinunua supu ya vibonge vya nyama kwa wote. Katika miaka kumi na tisa niliyokaa naye, Dada Yueh-o alinunua supu mara mbili. Mara moja ni pale aliposema "viatu" kumbe ni viatu vya mguu wa kushoto vitupu, akadai hilo ni kosa nusu, tukamkatalia. Lakini hakuwahi kufungua bahasha ya mtu, wala kuiinua kwenye mwanga. Alisema raha ya kukisia inakwisha ukichungulia.

Wakubwa wetu wanakumbuka pia Septemba 1999, baada ya tetemeko kubwa la ardhi. Simu zilikuwa zimekatika, na wanafunzi waliotoka Nantou, kulikobomoka zaidi, hawakujua nani kwao yu hai. Kwa siku tisa alifungua dirisha saa kumi na moja alfajiri, akazipanga barua kwa majina ya vijiji badala ya majina ya watu, ili anayengoja apate habari hata kwa barua ya jirani yake. Safu ya "mengineyo" ya siku zile haina neno hata moja.

Hata hivyo, wageni wakija katika Idara yetu ya Nyaraka hawaulizi habari za tetemeko. Huuliza ukurasa ule wenye doa. Kwa kuwa kisa hicho husimuliwa kwa namna nyingi, na katika nyingine Dada Yueh-o huitwa shujaa na katika nyingine msaliti, tumeona tukiandike hapa kama kilivyotokea, kwa tarehe zake.

Jumatatu, tarehe 22 Oktoba 2018, Ofisi ya Nidhamu ilileta Chumba cha Barua bahasha moja ya rejista yenye hati ya kukabidhi, yaani ile karatasi ambayo mtu wa posta huijaza na kuirudisha ikionyesha nani kapokea, siku gani, saa ngapi. Ilikuwa ya Fanchiang Chih-yun, mwanafunzi wa uuguzi wa mwaka wa tatu. Kwa desturi ya chuo wakati ule, barua za nidhamu hazikupelekwa bwenini. Zilipelekwa kwenye anwani ya nyumbani, ile iliyo kwenye daftari la kaya, ili wazazi nao wajue. Nyumbani kwa Chih-yun ni kijijini, kwenye vilima vya Hsinpu, kwa bibi yake aliyemlea. Dada Yueh-o akaiandika, akaituma.

Ndani yake mlikuwa na adhabu. Katika mtihani wa famasia, msimamizi aliokota karatasi yenye maandishi chini ya meza ya Chih-yun. Alisema si yake. Kamati ya Nidhamu ilimsikiliza, ikamwambia asubiri barua. Barua ilisema amesimamishwa masomo muhula mzima wa pili, na kwamba anaweza kukata rufaa ndani ya siku thelathini tangu kuipokea. Muhula wa pili ndio wa mafunzo hospitalini. Nafasi hospitalini hugawiwa mara moja kwa mwaka, kwa hiyo muhula mmoja ukipotea, unakwenda na mwaka mzima. Bibi alikuwa na miaka themanini na mmoja, na alikwisha kuwaambia mababu zake waliokufa, mbele ya udi, kwamba mwaka 2020 nyumba yao itakuwa na muuguzi.

Chih-yun akasubiri. Wiki zikapita, barua haikuja, naye akafikiri kwamba kimya ni habari njema. Tarehe 10 Desemba alikwenda kujiandikisha kwa muhula wa pili, na mashine ikalikataa jina lake. Hapo ndipo alipojua. Tarehe 12 alipeleka rufaa kwenye Kamati ya Rufaa za Wanafunzi. Tarehe 27 kamati ikamjibu kwamba haiwezi kumsikiliza. Haikusema kwamba ana makosa, wala kwamba hana. Ilisema amechelewa. Hati ya kukabidhi ilionyesha kwamba barua ilipokelewa tarehe 23 Oktoba, ikapigwa muhuri wa jina la Fanchiang Chih-yun, ambao kwetu hushika nafasi ya sahihi, na kisanduku kilichotiwa alama kilikuwa cha "mhusika mwenyewe". Siku thelathini zilikwisha tarehe 22 Novemba.

Kesho yake, Ijumaa, alikuja dirishani. Alikuwa hana sauti ya kulia tena. Alimwomba Dada Yueh-o amwonyeshe kama kweli barua hiyo ilipata kutumwa, kwa sababu yeye hakuiona kwa macho yake, na amekwisha kumpigia bibi simu na bibi kasema tu barua ya chuo ipo, iko mahali pake, asijue kueleza ni ipi.

Mahali pake palikuwa meza ya mababu, chini ya chetezo cha udi. Katika nyumba ile, barua ya mwisho kutoka chuoni ilikuwa ile ya kumkubali Chih-yun, nayo ilikaa hapo mwaka mzima. Hii ya pili ilipofika, bibi, ambaye hasomi, aliipokea kwa mikono miwili, akawaonyesha mababu bahasha, na akaiweka ingoje mwenyewe aje kuifungua Mwaka Mpya. Na muhuri? Hapo hapahitaji maelezo marefu kwa yeyote aliyelelewa na bibi. Mihuri ya majina ya watu wote wa nyumba ile ilikuwa katika bati moja la biskuti kwenye droo ya kabati la vyombo. Mtu wa posta alipoita jina na kusema alete muhuri, bibi alileta muhuri wa jina lililoitwa. Angeleta upi mwingine?

Dada Yueh-o alimwonyesha mstari wa kutumwa kwa barua. Kisha, kwa kuwa hawezi kuacha, akauliza muhuri ule uligongwa saa ngapi. Chih-yun akatoa nakala ya hati. Saa nne na dakika arobaini asubuhi, Jumanne tarehe 23 Oktoba.

Dada Yueh-o alisoma tarehe ile mara mbili. Halafu alifanya jambo ambalo hatukuwahi kuliona saa za kazi: alifunga dirisha. Akalivuta daftari la vifurushi vinavyoingia, akafungua ukurasa wa siku ile, akauweka mbele ya binti. Ukurasa ulikuwa umejikunja, una doa kubwa la rangi ya chai, na ulinuka bado.

Mstari wa kumi na saba ulisomeka hivi: tarehe 23 Oktoba, kutoka Hsinpu, kwa Fanchiang Chih-yun, saa nne na dakika ishirini na tano, mengineyo, "achari, inavuja, tumefuta pamoja hadi saa nne na dakika hamsini". Mbele yake sahihi ya Chih-yun kwa mkono wake.

Bibi alikuwa amemtumia mjukuu chupa ya achari ya majani ya haradali, ile ya Wahakka, watu wa kabila la bibi, inayoshindiliwa na kuzibwa kichwa chini. Kizibo kililegea njiani. Ilipowekwa dirishani, maji ya chumvi yalimwagika mezani na kwenye daftari, na chumba kizima kikanuka hadi Jumatano. Mimi mwenyewe ndiye niliyeleta dekio. Chih-yun alifuta meza kwa magazeti huku akiomba radhi kwa kila mtu aliyepita, na Dada Yueh-o akaukausha ukurasa kwa pasi ya zamani tunayoiweka kwa ajili ya stempu. Kutoka kwetu hadi kijijini kwa bibi basi huchukua dakika hamsini. Hakuna binadamu anayeweza kufuta achari Hsinchu na kugonga muhuri Hsinpu katika dakika zilezile.

Watu wengi husimulia kwamba Dada Yueh-o alifurahi. Hakufurahi. Alimwambia binti jambo ambalo hakulazimika kulisema.

"Mwanangu, siku ile nilijua. Barua yako nilikuwa nimeituma jana yake. Nilikupa achari nikakunyima habari."

Chih-yun akauliza, "Shangazi ulikatazwa kusema?"

"Nilikatazwa kusema kilichomo, nami sikujua kilichomo. Kusema tu kwamba ipo, hakuna aliyenikataza. Sikuuliza."

Kwa mtu aliyeuliza kila kitu kwa miaka thelathini, tunadhani hilo ndilo lililomuuma zaidi.

Chih-yun alikwisha kupata wakili wa msaada wa kisheria, Bi Peng Hsiu-yu, mwanamke mfupi mwenye begi kubwa, ambaye alikuwa akiandaa malalamiko ya kupeleka Wizara ya Elimu juu ya chuo. Hoja yake ilikuwa rahisi: barua iliyopelekwa mahali mtu asipoishi, na kupokelewa na mtu mwingine, haijamfikia; na kama haijamfikia, siku thelathini hazijaanza. Lakini chuo kilikuwa na hati yenye muhuri wake mwenyewe, na bweni halikuweza kuthibitisha kwamba Jumanne ile hakwenda nyumbani. Bi Peng alihitaji nakala ya mstari wa kumi na saba.

Ombi lake lilifika mezani kwa Bwana Weng Ching-shui, mkuu wetu wa sehemu. Tunamtaja kwa heshima, na ameruhusu tuandike. Siku hiyo alimjia Dada Yueh-o akiwa na jasho wakati wa baridi.

"Dada, sisi ni chumba cha barua. Sisi si mashahidi. Na kinacholalamikiwa ni chuo chetu."

"Kweli, Bwana Weng. Nisaidie kitu kimoja tu. Kanuni ya kumi na nne inasema mwenye jina anaweza kuona mstari wake na kupewa nakala. Mstari huu una jina la nani?"

Bwana Weng aliomba kanuni, akaisoma akiwa amesimama. Akaisoma tena akiwa amekaa. Mara ya tatu aliisoma kwa sauti, kana kwamba huenda ikabadilika. Kisha akachukua karatasi mbili nyeupe, akafunika mistari yote ya juu na yote ya chini, akapiga nakala kwa mkono wake, akaigonga muhuri wa sehemu. Alisema akifukuzwa, supu ya Ijumaa tumnunulie sisi. Hakufukuzwa.

Bibi tulimwona mara moja. Ilikuwa Jumatatu, tarehe 14 Januari 2019, siku aliyokuja kutoa maelezo yake kwa Bi Peng. Alipita dirishani kwanza. Alikuwa na kofia ya sufu, na leso mkononi, ndani ya leso muhuri wa jina la mjukuu wake. Aliuweka juu ya meza akasema amekuja kuurudisha, kwa sababu ameambiwa muhuri huo umefanya kosa. Dada Yueh-o akamweleza kwamba muhuri ni wao, wala chuo hakiudai. Bwana Weng, aliyekuwa akipita, akamwuliza bibi kwa upole kwa nini hakumwambia mtu wa posta kwamba mhusika hayupo.

"Wewe bwana," bibi akasema, "mtu kapanda kilima kwa pikipiki na barua ya mjukuu wako. Utamwambia ashuke nayo?"

Bwana Weng alikiri kwamba asingemwambia.

"Basi tumekosea wote wawili. Ila wewe umesoma."

Mpaka leo Bwana Weng huyarudia maneno hayo kwenye mafunzo ya wafanyakazi wapya, na huyasema kwa lafudhi ya bibi.

Wizara ilikiandikia chuo kijieleze. Ofisi ya Sheria ya chuo ikatuma watu wawili kuja kuliangalia daftari, na swali lao lilikuwa la haki kabisa: watajuaje kwamba safu ya saa haikujazwa baadaye, kumsaidia binti? Dada Yueh-o hakukasirika. Tulimwona macho yakimng'aa, kwa sababu ni swali ambalo angeliuliza yeye. Akawapa kioo cha kukuzia. Wakaona kwamba wino wa "saa nne na dakika ishirini na tano" umetawanyika ndani ya doa, umeingia hadi kwenye ukurasa wa nyuma yake, pamoja na wino wa sahihi. Neno "tumefuta" na yanayolifuata hayakutawanyika, kwa kuwa yaliandikwa karatasi ilipokauka. Achari ilikuwa imeyatenga maandishi ya kabla na ya baada. Mmoja wa wale wawili, kijana mwenye miwani, alikaa kwenye ukurasa ule kwa nusu saa, akauliza tena na tena jinsi achari hiyo inavyotengenezwa. Aliondoka na anwani ya bibi.

Dada Yueh-o aliombwa aandike maelezo. Aliandika mistari sita. Mitano ilisema aliyoyaona. Wa sita ulisema kwamba hakumdai binti kitambulisho, kwa sababu anamjua kwa uso, na kwamba hilo ni kinyume cha kanuni ya tisa. Bi Peng alimwambia mstari huo haumsaidii mtu. Dada Yueh-o akasema ni kweli, lakini ndivyo ilivyokuwa, na akiuondoa, ile mitano itasimama juu ya nini?

Mafunzo ya hospitali yalianza tarehe 18 Februari bila Chih-yun. Kila Jumatatu alipita dirishani kuuliza kama kuna barua, na kila Jumatatu Dada Yueh-o alimjibu kabla hajafungua mdomo, ili asilazimike kuuliza. Bi Peng alikwisha kuandaa majalada ya kwenda Mahakama ya Utawala, Taipei, iwapo Wizara ingekataa. Alisema hakimu angewasikiliza, lakini uamuzi ungeweza kufika baada ya majira ya joto. Bi Peng hakuogopa kushindwa. Alichokiogopa ni kushinda wakati mwaka umekwisha kupotea.

Ijumaa, tarehe 29 Machi 2019, saa tatu na dakika tano asubuhi, bahasha ya Wizara iliingia. Mengineyo: "nyembamba". Ilisema kwamba barua ya Oktoba haikumfikia mhusika kisheria, kwamba rufaa yake ilikuwa ndani ya muda, na kwamba Kamati ya Rufaa ya chuo imsikilize. Chuo kilishindwa, na jarida hili la chuo halioni haya kulisema. Barua ya kushindwa kwetu ilipokelewa, ikaandikwa saa, na kupelekwa ghorofani na mtu yuleyule aliyetufanya tushindwe, naye aliipeleka kwa mwendo wake wa kila siku.

Tarehe 17 Aprili kamati iliketi. Kwa mara ya kwanza, ile karatasi iliyookotwa chini ya meza iliwekwa mbele ya watu wenye muda wa kuisoma. Mjumbe mmoja, mwalimu wa mwaka wa pili, aliigeuza, akauliza nani alitumia chumba kile asubuhi kabla ya mtihani. Kilitumiwa na darasa lake. Maandishi yalikuwa ya somo lake, fiziolojia ya figo, wala hayakuwa na neno hata moja la famasia. Kikao kilichukua dakika arobaini. Adhabu ilifutwa. Msimamizi wa mtihani alimwandikia Chih-yun barua ya kuomba radhi, akaileta dirishani mwenyewe badala ya kuiacha bwenini, na Dada Yueh-o akampongeza kwa kuandika anwani vizuri.

Haki iliyochelewa haikurudisha kila kitu. Wiki nane za hospitali zilikuwa zimekwenda. Chih-yun alizifidia Julai na Agosti, katika wodi isiyo na baridi ya kutosha, wenzake wakiwa likizo. Lakini mwaka haukupotea. Alihitimu Juni 2020 pamoja na darasa lake, na sasa yuko wodi ya figo katika hospitali moja ya Chupei, jambo ambalo yeye mwenyewe hulicheka. Bibi aliishi kuona, na aliwaeleza mababu kwa kirefu.

Nini kilibadilika? Barua za nidhamu sasa hupelekwa mahali mwanafunzi anapolala, nakala ndiyo huenda nyumbani. Daftari jipya la Chumba cha Barua limechapishwa na safu sita. Na kuna kibao kidogo ambacho Dada Yueh-o alikiandika kwa kalamu nene wiki ileile ya Aprili, akakibandika upande wa ndani wa kioo cha dirisha, kwenye kimo cha macho ya mtu aliyeinama: "Unangoja barua? Uliza hapa. Nitakwambia kama ipo." Aliomba ruhusa ya Bwana Weng kwa maandishi. Bwana Weng alitafuta kanuni inayokataza, hakuipata, na, tofauti na yule mkuu wa mwaka 1991, hakuahidi kuendelea kuitafuta.

Tangu siku hiyo hadi jana, kwa hesabu yake, watu elfu moja mia mbili na sita waliuliza. Wengi barua zao hazikuwapo. Alisema hao nao waliondoka na kitu, kwa sababu walijua.

Dada Yueh-o, idara nzima inakushukuru: kwa vifurushi ulivyovitambua kwa sikio, kwa alfajiri tisa za Septemba, kwa supu mbili, na kwa mstari wa sita ambao haukumsaidia mtu. Mtu anayekaa kitini pako kuanzia Jumatatu ameomba kibao kisiondolewe, na hakitaondolewa. Nenda nyumbani salama na upepo huu ukiwa mgongoni mwako. Uwe na afya, uwe na wageni wengi, na asubuhi zako zijae vitu vya kukushangaza ambavyo si lazima uvipokee kwa sahihi. Tunakutakia pia usingizi kama ule wa tarehe 17 Aprili 2019, ambao wewe ulituarifu habari zake kesho yake asubuhi, kwa uso wa kazi, kwamba uliingia saa mbili na dakika arobaini na tano usiku, haukuvunjika, na haukuwa na mengineyo.